Kukuza fuwele: yaache maji yavimbiwe, ila kidogo tu

Wengi wanaojaribu kukuza fuwele, yani kitu kigumu ambacho molekuli zake zimejipanga kwa mpangilio kama punje ya chumvi au sukari, kwa mara ya kwanza wanaishia sehemu mbili, ama chupa inakaa wiki nzima hamna kitu, ama wanaamka asubuhi wanakuta chini kuna uji wa chembe ndogo ndogo kama mchanga na uzi wao umevaa chembe juu mpaka chini. Tatizo ni moja kwenye zote mbili, na mimi ningelielewa mapema ningeokoa shabu (alamu) nyingi sana, kwa hiyo nianze na hilo kabla sijasema chukua bakuli weka maji.

Yachukulie maji kama mtu anayekula. Ukiweka chumvi ikapotea, yani maji bado yana njaa. Ukiongeza mpaka inabaki chini haiyeyuki hata ukoroge vipi, hapo yameshiba. Sasa kuna hali ya tatu na mambo yote yako hapo, maji yaliyovimbiwa: umeyashibisha yakiwa ya moto, alafu yamepoa, joto limeshuka ila mzigo ni ule ule, yamebeba kuliko uwezo wao wa sasa. Yanaweza kukaa hivyo masaa, hata siku nzima, kimya, maangavu kabisa, kwa macho huwezi kujua. Yanangoja tu sehemu ya kutua mzigo, na punje ya vumbi, mkwaruzo kwenye kioo, au kipande kidogo cha fuwele ya kitu hicho hicho kikitokea, mzigo unaanza kushuka hapo.

Shika hili vizuri: punje mpya kuzaliwa ni kazi ngumu, punje iliyopo kukua ni kazi rahisi. Ili punje mpya izaliwe lazima molekuli kadhaa zikutane kwa bahati na zipangane kabla hazijatawanyika tena, na kikundi kidogo karibu chote ni uso wa nje kwa hiyo kinavunjika haraka. Maji yakivimbiwa kidogo, vikundi hivyo vinakufa vyote, lakini fuwele uliyoitumbukiza wewe inaendelea kula. Yakivimbiwa sana, vikundi vinaanza kufaulu kila mahali kwa wakati mmoja na hapo ndo unapata mchanga. Kati ya hizo mbili kuna eneo, jembamba kwa vitu vingine na pana kwa vingine, ambapo fuwele yako inakua na hakuna mpya inayozaliwa. Kazi yako yote ni kukaa ndani ya hilo eneo, na hata kiwanda cha sukari kazi yake ni hiyo hiyo.

Angalia namba kabla hujachagua kitu

Kila kitu kina tabia yake kwenye joto. Chumvi ya kawaida, mililita 100 za maji ya digrii 20 zinayeyusha gramu 36 hivi, chemsha mpaka 100 inafika 39 tu. Shura, ile potasiamu nitreti, kwenye digrii 20 ni kama gramu 32 lakini kwenye digrii 100 inakaribia 246. Ona tofauti hiyo. Ukiipoza shura inamwaga karibu mzigo wote, ukiipoza chumvi inakupa gramu 3 na basi. Ndo maana mtu anapochemsha maji ya chumvi, akayapoza, akangoja fuwele, atangoja sana, chumvi inatakiwa uyaache maji yakauke polepole. Kitu kinachoyeyuka zaidi kwenye moto unakipoza, kisichojali joto unakikausha. Na kuna vinavyoenda kinyume kabisa, mfano chokaa iliyomo kwenye maji magumu, hiyo maji yakipata moto ndo inajitenga, ule utando mweupe mgumu ndani ya birika ni fuwele za chokaa, siki ya moto inautoa.

Kwa anayeanza mimi nashauri shabu, bila kusita. Haina rangi, inavumilia makosa, eneo lake la katikati ni pana, na inatoa umbo zuri la nyuso nane kama piramidi mbili zimegandana kwa chini. Mrututu, yani kopa salfeti, una rangi ya bluu ya kupendeza sana na najua wengi wanaanza nao kwa ajili ya hiyo rangi, ila ni sumu, glavu na miwani ya kujikinga ni lazima, chombo ulichoutumia kisirudi jikoni tena, na maji yake usiyamwage kwenye mtaro au mto maana unaua samaki na viumbe wa majini. Watoto waanze na shabu, na hata hiyo haionjwi.

Shabu, hatua kwa hatua

Utahitaji shabu ya unga gramu 150 hivi, chupa mbili za kioo zenye mdomo mpana, karatasi ya kuchujia, mshipi mwembamba wa kuvulia samaki, na kijiti cha kulaza juu ya mdomo wa chupa. Maji yawe yaliyokenekwa, wengi wanayaita distildi, na ukiyanunua kwa ajili hii hakikisha ni maji tu na sio ile asidi ya betri maana mara nyingi vinauzwa pamoja na chupa zinafanana.

Kwanza mbegu. Yeyusha gramu 20 za shabu kwenye mililita 100 za maji ya moto, yasichemke, digrii 60 zinatosha. Chuja yakiwa bado ya moto, mimina kwenye sahani ya kioo, funika na karatasi, ondoka. Kesho yake utakuta fuwele ndogo nyingi chini. Sasa hapa chukua muda wako, chukua kibano, chagua ile moja ambayo imekaa peke yake, nyuso zake zote kali, haina pacha aliyeota ubavuni, haina ukungu ndani, ukubwa wa punje ya mchele au zaidi kidogo. Kasoro iliyoko kwenye mbegu utaiona kwenye fuwele kubwa wiki tatu baadae, haifutiki. Mimi huwa nachagua tatu na naziweka nyingine kama akiba.

Kufunga mbegu ndo sehemu inayokera kuliko zote. Tumia mshipi, usitumie uzi wa pamba, kwa sababu pamba ina manyoya na kila unyoya ni sehemu ya punje mpya kuzaliwa. Fundo moja la kitanzi, vuta taratibu, ikiteleza rudia, na ikishindikana kabisa weka tone dogo sana la gundi ile kali kwenye ncha ya mshipi uigandishe mbegu. Mshipi uliobaki chini ya fundo kata wote.

Sasa maji ya kukuzia, na hapa nina njia ambayo haitegemei sana vipimo. Yeyusha gramu 80 za shabu kwenye mililita 400 za maji ya moto, acha ipoe mpaka joto la chumba na ikae usiku kucha. Asubuhi chini kutakuwa na fuwele zimejimwaga, safi, hiyo ndo ilikuwa nia. Maji yaliyo juu yake sasa yameshiba barabara kwa joto la chumba chako, sio la kitabuni. Yamimine kwenye chupa nyingine kupitia karatasi ya kuchujia, fuwele zibaki. Alafu yapashe moto na uongeze gramu 4 tu za shabu, koroga mpaka zipotee zote, acha yapoe tena. Hizo gramu 4 ndo kuvimbiwa kidogo nilikokusema. Ukiweka 20 kwa tamaa unarudi kwenye uji.

Maji yakiwa bado na joto la digrii mbili tatu juu ya chumba, ning'iniza mbegu katikati ya chupa, isiguse chini wala ubavu. Hilo joto dogo lililozidi linasaidia kwa sababu linalamba uso wa mbegu kidogo na kuondoa vumbi la shabu lililoshika juu yake, alafu yakipoa inaanza kukua kwenye uso msafi.

Kuna kitu kinafurahisha sana hapa na ni kipimo kizuri kuliko kipimajoto chochote. Weka chupa mbele ya mwanga alafu tazama maji yanayozunguka mbegu kwa makini, utaona mistari inayocheza kama ile hewa ya moto juu ya lami wakati wa jua kali. Mistari ikishuka chini, mbegu inayeyuka, kwa sababu maji yaliyopokea shabu yamekuwa mazito yanazama. Mistari ikipanda juu, mbegu inakua, maji yaliyotua mzigo yamekuwa mepesi yanaelea. Inaposhuka itoe mbegu haraka kabla haijaisha na uongeze shabu gramu moja mbili. Mara ya kwanza kuiona ile mistari ikipanda nilikaa pale karibu saa nzima, nilikuwa naangalia kitu kinajenga chenyewe.

Funika chupa na karatasi au kitambaa, sio kifuniko cha kubana, maji yapungue polepole sana. Iweke mbali na dirisha. Nasisitiza dirisha kwa sababu chupa yangu moja nzuri iliharibikia hapo, mchana jua lilikuwa linaipasha na fuwele inayeyuka kona zake, usiku baridi inakuja kwa ghafla na maji yanavimbiwa kupita kiasi, nikapata fuwele yenye tabaka la wazi na tabaka la ukungu kwa zamu, na chini punje kibao. Boksi la stairofomu, lile povu gumu jeupe linalofungiwa vifaa vya umeme, linatunza joto vizuri, weka chupa humo na usiifungue kila baada ya nusu saa.

Ukiona punje mpya chini ya chupa usizipuuze, zinakula chakula cha fuwele yako. Toa fuwele na mshipi wake, kausha kwa tishu, maji yapashe mpaka punje ziyeyuke, yapoze, rudisha fuwele. Ikiacha kukua fanya hivyo hivyo ila ongeza gramu chache za shabu. Kwa wiki mbili tatu mimi huwa napata ya sentimita 2 hivi. Ikimaliza usiioshe na maji ya bomba, itayeyuka uso na kuwa kama peremende iliyolambwa, kausha kwa tishu tu. Shabu na mrututu vyote vimebeba maji ndani ya mpangilio wao na kwenye hewa kavu yanatoka kidogo kidogo, uso unakuwa mweupe wa unga, kwa hiyo paka rangi ya kucha ile angavu isiyo na rangi kabisa, mara mbili, au ifungie kwenye kichupa.

Kwa chumvi ni rahisi zaidi, shibisha maji, chuja, mimina kwenye sahani pana, acha mahali pasipo na upepo na utapata michemraba. Kuna jambo moja la zamani nalipenda, mwaka 1783 Mfaransa Romé de l'Isle aliandika kwamba chumvi ikigandia kwenye maji yaliyotiwa mkojo inatoka na nyuso nane badala ya mchemraba. Ni ile yurea, kemikali iliyomo kwenye mkojo, inashika kwenye baadhi ya nyuso na kuchelewesha ukuaji wake. Uchafu kidogo tu unaweza kubadilisha umbo zima, ndo maana nasisitiza maji safi na kuchuja.

Maabara: fuwele kama chujio

Kwenye kemia ukubwa wa fuwele sio kitu, unatafuta usafi. Fuwele inapojipanga taratibu molekuli ngeni haikai sawa kwenye nafasi, inarudishwa majini. Ikijipanga kwa haraka ngeni inafunikwa kabla haijatoka. Kwa hiyo ule ule utaratibu wa kutokuwa na pupa ndo unaosafisha.

Mfano mzuri wa kujifunzia ni asidi benzoiki na maji. Kwenye digrii 25 lita moja ya maji inashika gramu 3.4 tu, kwenye 100 inashika kama 56. Chukua gramu 4 zenye uchafu, weka kwenye bika, ile glasi ya maabara, ongeza maji yanayochemka kidogo kidogo mpaka zote ziyeyuke, itakuwa chini ya mililita 100. Kosa la wengi ni kumwaga maji mengi kwa mara moja ili iyeyuke haraka, kila maji ya ziada yanaondoka na mali yako. Ila pia ukitumia kiasi kile cha mwisho kabisa itaganda ndani ya funeli wakati wa kuchuja, kwa hiyo ikishayeyuka yote ongeza kidogo mpaka ifike mililita 100 na funeli yenyewe ipashe moto kwanza. Chuja uchafu usioyeyuka, funika, acha ipoe yenyewe mezani. Usikimbilie barafu. Ikishafika joto la chumba na fuwele zimejaa, hapo sasa barafu inaruhusiwa kuvuna zilizobaki. Vuta kwa funeli ya Büchner, ile yenye kitako bapa chenye matundu, na pampu, osha na maji ya baridi kidogo sana, kausha. Kwa hesabu, hata bila barafu kinachobaki majini ni gramu 0.34, kwa hiyo gramu 3.6 hivi zinapaswa kurudi kwako, ukipata 2 kuna mahali umezidisha maji au zimebaki kwenye karatasi. Ukitaka kujua imesafika pima joto la kuyeyuka, iliyo safi inayeyuka kwenye digrii 122 na kwa ghafla, chafu inaanza chini ya hapo na inajivuta.

Kama imepoa na hakuna kitu, usiongeze kemikali, kwaruza kioo ndani ya bika chini ya usawa wa maji kwa fimbo ya kioo, au dondosha punje moja safi ya kitu hicho. Vikishindikana vyote basi umeweka maji mengi, chemsha yapungue. Na kama badala ya fuwele yanatoka matone ya mafuta, kitu chako kinajitenga kikiwa bado juu ya joto lake la kuyeyuka, ongeza kiyeyushi kidogo, pasha tena, poza taratibu zaidi, weka punje ya mbegu mapema. Ukitumia ethanoli au kiyeyushi kingine kinachowaka, moto wa wazi hapana, sahani ya umeme tu, na vile vijiwe vya kutuliza mchemko viweke kabla hujapasha, ukivitia kwenye kitu ambacho tayari ni cha moto kinalipuka na kumwagika usoni.

Joto la kugandishia linaamua mambo makubwa kuliko watu wanavyodhani. Mwaka 1848 mwanasayansi Mfaransa Louis Pasteur alikaa na hadubini na kibano akatenganisha fuwele za chumvi ya asidi tatariki, sodiamu amoniamu tatrati, za mkono wa kulia huku na za mkono wa kushoto kule, zinafanana kama mtu na kioo chake, na hapo ndo ilionekana wazi kwamba molekuli zenyewe zina mkono. Chumvi hiyo inajitenga hivyo ikigandia chini ya digrii 27 hivi, juu ya hapo aina zote mbili zinaingia kwenye fuwele moja na asingeona kitu cha kutenganisha. Alikuwa na jicho kali sana, na baridi ya chumba ilimsaidia.

Protini nazo zinagandishwa, ila kule unafanya kazi na matone madogo ya maikrolita moja mbili, yananing'inia chini ya kioo juu ya maji yenye chumvi nyingi, mvuke unatoka kwenye tone kwenda chini na tone linakolea polepole. James Sumner alipata fuwele za kimeng'enya (protini inayoharakisha kazi za kemikali mwilini) cha yurease mwaka 1926 wakati wengi hawakuamini kimeng'enya kinaweza kuwa fuwele, na Dorothy Hodgkin akatumia miale ya X kusoma mpangilio wa penisilini, vitamini B12 na mwaka 1969 insulini. Bila fuwele nzuri miale haina cha kusoma.

Viwandani

Mashamba ya chumvi ya bahari yanafanya kitu ambacho unaweza kukirudia mwenyewe ukiwa na ndoo na uvumilivu. Lita moja ya bahari ina gramu 35 hivi za chumvi za aina mbalimbali, sio ya kula peke yake. Jua likiyakausha, chokaa inatangulia, alafu jasi maji yakibaki kama sehemu moja ya tano, na chumvi yenyewe inaanza yakibaki kama moja ya kumi. Kwa hiyo yanahamishwa bwawa hadi bwawa, jasi inaachwa nyuma, chumvi inavunwa kwenye bwawa la mwisho, na yale maji machungu ya magnesiamu yanamwagwa kabla hayajakauka. Ukiyaacha yakauke yote chumvi yako inakuwa chungu na inavuta unyevu kila siku.

Sukari ndo inayonivutia kuliko zote. Maji ya digrii 20 yanashika sukari karibu mara mbili ya uzito wao, uji mzito, molekuli zinatembea kwa shida, punje kuzaliwa zenyewe ni bahati nasibu. Kwa hiyo kiwandani hawangoji, wanachemsha juisi kwenye chungu kikubwa kilichonyonywa hewa ili ichemke kwenye digrii 70 hivi na isiungue, wakifika pale palipovimbiwa kidogo wanatia mbegu, sukari iliyosagwa laini sana ikachanganywa na spiriti, na kuanzia hapo mpishi analisha juisi kwa kasi ile ile ambayo mbegu zinakula. Akizidisha zinazaliwa punje ndogo ndogo zisizotakiwa, zinaziba matundu ya ile mashine inayozungusha kwa kasi kutenganisha sukari na molasi, na lazima aongeze maji au joto aziyeyushe. Tofauti na chupa yako ya shabu ni ukubwa wa chungu tu.

Silikoni ya chipu nayo ni mbegu. Silikoni inayeyushwa kwenye digrii 1414, fimbo yenye mbegu moja inagusishwa juu, inazungushwa na kuvutwa polepole, kama milimita moja au pungufu kwa dakika, na nyuma yake inafuata fuwele moja nzima yenye kipenyo cha milimita 300. Mwanzoni wanaivuta haraka ili itoke shingo nyembamba, kasoro za mbegu zinaishia ubavuni mwa shingo, alafu ndo wanaipanua. Njia inaitwa kwa jina la Jan Czochralski, mwaka 1916, inasimuliwa kwamba alichovya kalamu kwenye bati lililoyeyuka badala ya wino, akaitoa na uzi wa bati, na uzi huo ukawa fuwele moja.

Na dawa. Molekuli hiyo hiyo inaweza kujipanga kwa zaidi ya namna moja, na kila mpangilio unayeyuka kivyake. Ritonavir, dawa ya kupambana na virusi vya UKIMWI, ilikuwa sokoni tangu 1996, mwaka 1998 ukajitokeza mpangilio mwingine, mtulivu zaidi na unaoyeyuka kwa shida zaidi, kapsuli zake zikashindwa kuyeyuka inavyotakiwa na zikaondolewa mpaka dawa ikatengenezwa upya. Kibaya zaidi, mbegu za mpangilio mpya zikishakuwepo kwenye chumba, hata zisizoonekana kwa macho, ule wa zamani unakuwa mgumu sana kuupata. Ndo maana nasema osha vyombo, usikuze vitu viwili kwenye meza moja, na usichovye kijiko kimoja kwenye chupa mbili.

Nje, kwenye mawe na mawingu

Ukishakuza fuwele zako mwenyewe unaanza kusoma mawe kwa namna nyingine. Granaiti ina punje kubwa unazoziona kwa macho kwa sababu ilipoa taratibu chini ya ardhi, basalti ya volkano ina punje ndogo mno maana ilipoa juu kwa haraka, na obsidiani ilipoa kwa ghafla mpaka haikuwahi kujipanga, imebaki kioo. Ukiokota jiwe lenye punje kubwa zimekaa ndani ya unga laini, basi lilianza kupoa taratibu kule chini alafu likarushwa juu likamalizia kwa haraka, historia mbili kwenye jiwe moja.

Theluji ilimsumbua Kepler, mtaalamu wa nyota wa Kijerumani, tangu 1611, kwa nini pembe sita. Mjapani Ukichiro Nakaya ndo wa kwanza kukuza chembe ya theluji maabara, mwaka 1936, na tatizo lake lilikuwa lile lile letu la uzi, kila uzi aliojaribu ulijaa barafu mwili mzima. Alichofanikiwa nacho ni unyoya wa sungura, una vinundu vya mafuta vilivyoachana achana na barafu ikaota kwenye vinundu tu. Akabadilisha joto na unyevu akaona umbo linavyogeuka, karibu na digrii 2 chini ya sifuri bapa nyembamba, karibu na 5 chini sindano, karibu na 15 chini zile nyota zenye matawi.

Alafu kuna Naica, mgodi ulioko Chihuahua, Meksiko. Mwaka 2000 wachimbaji walifungua pango kama mita 300 chini wakakuta nguzo za jasi angavu, kubwa zaidi zina urefu wa mita 11 na zaidi, joto la pango lilikuwa linafika digrii 58 na unyevu mwingi kiasi kwamba mtu bila vifaa hakuweza kukaa hata nusu saa. Pango lilikuwa limejaa maji yaliyokaa miaka mingi sana kwenye joto lililo chini kidogo tu ya digrii 58. Karibu na hapo jasi na anhidraiti, jasi isiyo na maji ndani yake, zinapokezana, juu ya hapo anhidraiti ndo tulivu, chini kidogo jasi ndo tulivu. Kwa hiyo anhidraiti iliyokuwa kwenye mwamba iliyeyuka pole pole na jasi ikajengeka pole pole, maji yamevimbiwa kwa kiasi kidogo mno, punje mpya hazizaliwi karibu kabisa, na zilizopo zikaendelea kula kwa miaka laki kadhaa bila joto kuyumba. Pampu za mgodi zilipoyatoa maji, ukuaji ukasimama siku hiyo.

Kwa hiyo fuwele yako ikitoka na ukungu ndani, ishike kwenye mwanga na uhesabu kutoka katikati kwenda nje. Tabaka angavu ni siku joto lilitulia, tabaka la ukungu ni usiku wa baridi, au siku uliyohamisha chupa, au siku uliyoongeza shabu nyingi, ndo maana naandika tarehe na joto la asubuhi na jioni kwenye karatasi nimeibandika pembeni ya chupa. Linganisha karatasi na tabaka, utajua ni lini ulikosea. Alafu kama hujaipenda irudishe kwenye maji ya moto iyeyuke, chuja, chagua mbegu nyingine kwenye zile tatu, anza tena, shabu ni ile ile.